Debe na Mfuniko Walipongoja Kicheko

Enzi zetu sisi watoto wa mtaa wa Kisenyi, mtu hakwenda kutazama televisheni bila kuoga. Nasema kuoga kweli, si kujimwagia maji. Televisheni mtaani kwetu ilikuwa moja tu, nyumbani kwa Hajji Musa, na mkewe alisimama mlangoni akikagua miguu ya kila mtoto kama mnunuzi wa ng'ombe. Ukionekana na vumbi kisiginoni ulirudishwa kwenu, na huko kwenu mama naye alikuchapa kwa kumtia aibu. Sabuni yenyewe siku hizo ilikuwa ya kutafuta kwa tochi, kwa hiyo tulijisugua kwa jiwe na majani ya mpapai mpaka ngozi ikawaka moto. Leo wajukuu zangu wanatazama sinema wakiwa chooni, simu mkononi, na hakuna anayewauliza habari za miguu.

Nanyi wenzangu wa rika langu mnakumbuka. Tulicheza kwepena kwa mpira wa majani makavu ya migomba uliofungwa kwa kamba, na ulipokupata mbavuni ulijua umepatwa. Shuleni tulikunywa uji wa mahindi usio na sukari, tukadanganyana kwamba ukifumba macho unakuwa mtamu. Jioni moshi wa matoke yaliyofungwa kwenye majani ulishuka kutoka Mengo, ukakutana na harufu ya gurusa, chapati ambazo mama zetu wa Kinubi walizikaanga nje, nyembamba kama kitambaa, na mtoto mwenye akili alijua apite nyumba gani saa ngapi. Hatukuwa na simu, lakini habari ya chakula ilitufikia.

Hajji Musa alikuwa mafuta mingi. Ndivyo watu walivyowaita wale waliopewa maduka ya Wahindi baada ya wenyewe kufukuzwa nchini. Duka la vitambaa alilopewa lilikuwa na nyumba juu yake, na ndani ya nyumba mlikuwa na televisheni, bado imefunikwa kitambaa cha kufumwa cha yule mama wa Kihindi. Hajji alikiacha palepale. Alisema si chake kukitoa. Nilikuwa mdogo, sikuelewa, lakini nilipenda kwamba alisema hivyo.

Baba yangu alikuwa kinyozi Wandegeya, karibu na chuo kikuu, na wateja wake walikuwa wanafunzi na walimu wao. Hiyo ilikuwa kazi ya mchana. Kazi ya moyo wake ilikuwa kuchekesha, na vichekesho vyake vyote alivijaribu kwanza kwenye kiti cha kunyolea. Alingoja mpaka wembe umefika chini ya kidevu cha mteja, hapo ndipo anasema neno lake. Mteja mwenye wembe shingoni hataki kucheka. Akicheka pamoja na wembe, baba alijua kichekesho hicho kimeiva. Na siku zote hizo hakumkata mtu, ila mhadhiri mmoja wa sheria, na huyo, baba aliapa, alicheka kabla ya wakati.

Mwenzake aliitwa Bahati, Mkongo wa Bukavu, fundi cherehani kwenye baraza moja pale Mengo. Sisi tulimwita baba mdogo, ingawa yeye Mkristo na sisi Waislamu. Sikukuu ya Idi alikula kwetu, Krismasi tulikula kwake. Baba alikuwa mrefu mwenye uso mkubwa, Bahati mfupi mwenye mikono mirefu isiyolingana naye kabisa. Jukwaani waliitwa Debe na Mfuniko.

Kabla ya televisheni walikuwa watu wa kumbi. Siku ya Jumamosi ukumbini kuliwekwa kila kitu kwa pamoja: bendi, mcheza sarakasi, mtu wa mazingaombwe anayetoa njiwa kwenye kofia, dada wa kuimba, halafu Debe na Mfuniko wakati bendi inapumzika. Igizo lao kubwa liliitwa Suti Moja. Marafiki wawili wamealikwa harusini na wana suti moja tu, basi wanaivaa pamoja. Bahati alikuwa ameshona koti kubwa la kuingia watu wawili. Kichwa kilichotokeza juu kilikuwa cha baba, lakini mikono iliyotoka kwenye mikono ya koti ilikuwa ya Bahati, aliyejificha nyuma ya baba humo ndani, gizani, haoni kitu. Baba anawasalimia wakwe, mikono inamkuna sikio. Baba anaomba maji, mikono inamnywesha puani. Mwisho baba anasema kwa sauti ya kistaarabu, "Asanteni wakwe, mimi si mlafi, nakula kidogo tu," na wakati huohuo mkono mmoja unachukua paja zima la kuku na kulipeleka polepole mfukoni.

Hapo ukumbi wote ulilipuka. Na sasa nisikilizeni vizuri, maana mambo yote yalianzia hapa. Paja likifika nusu mfukoni, wote wawili waliganda. Baba hakusema, mikono haikusogea. Walikuwa wanangoja kicheko kije, kipande, kishuke. Baba alitufundisha hata sisi watoto: "Kicheko ni mgeni. Mpe kiti akae kwanza. Ukimkatiza umemfukuza." Na Bahati humo ndani ya koti hakuwa na njia nyingine ya kujua wakati. Kicheko ndicho kilichokuwa macho yake. Kikishuka, ndipo anamalizia kulisukuma paja mfukoni na mambo yanaendelea.

Mama hakuwa na mapenzi na kazi hiyo. "Meno ya watu hayajazi chungu, Baba Zaituni," alimwambia, akimwita kwa jina langu, akiwa amekaa akisuka kawa za rangi za kufunikia chakula. Lakini mlango ukifungwa nilimsikia akicheka kwa mambo aliyokataa kuyachekea mbele yetu.

Halafu kumbi zikaanza kupungua watu. Mnajua kwa nini, sina haja ya kueleza sana. Mtu akitoka jioni, nyumbani walihesabu pumzi mpaka arudi. Wengine hawakurudi, na jina lao halikutajwa tena kwa sauti. Bendi zilivunjika, mtu wa mazingaombwe akahamia Nairobi na njiwa wake. Baba na Bahati walibaki wakicheza mbele ya viti. Ndipo bwana mmoja wa televisheni, mwembamba, mwenye miwani na adabu nyingi, akaenda kunyolewa Wandegeya. Alicheka na wembe shingoni. Baba akamwambia mama jioni ile, "Mama Zaituni, tunakwenda kuingia kwenye sanduku la Hajji."

Yule bwana wa miwani aliwapa masharti ya mambo ya kutotajwa. Hakuna sukari, hakuna sabuni, hakuna foleni, hakuna askari, hakuna mkubwa yeyote mwenye tumbo. Baba alisema baada ya kuondoa vyote hivyo walibaki na koti na kuku. Basi wakachagua Suti Moja, kwa sababu harusi haina siasa.

Jumamosi ile tulioga mchana, tukaoga tena alasiri. Sebule ya Hajji ilijaa mpaka watu wakasimama dirishani. Mama, ambaye hakuwahi kukanyaga pale, alikuja amejitanda gurbaba, vazi lake la Idi, akakaa mbele kama bibi harusi. Mambo ya televisheni siku hizo yalikwenda moja kwa moja, ukikosea umekosea mbele ya nchi nzima. Tukamwona baba, wa kijivu, mdogo kama kidole, akiingia na koti lake. Watu wakapiga kelele, "Banange, ni kinyozi wetu!" Tulilichekea sikio, tukayachekea maji ya puani. Mama aliziba mdomo kwa kitambaa, mabega yanaruka.

Likaja paja la kuku. "Asanteni wakwe, mimi si mlafi, nakula kidogo tu." Mkono ukalipeleka mfukoni, nusu, ukasimama. Sisi tukacheka mpaka basi.

Lakini kule studio hakukuwa na mtu wa kucheka. Kulikuwa na kamera, taa, na mafundi waliokatazwa hata kukohoa. Baba alikuwa ameganda anampa mgeni kiti, na mgeni haji. Bahati ndani ya koti ameganda anasikiliza giza. Baba hawezi kumnong'oneza, maana kipaza sauti kiko kifuani pake. Hapo kwa Hajji kicheko chetu kilishuka, kikaisha, na baba bado amesimama, paja nusu nje, macho yametoka. Mtu mmoja akasema televisheni imekufa. Mwingine akainuka kuipiga ubavuni.

Picha ikakatika. Ukabaki weupe mtupu. Halafu ukaanza muziki wa bendi ya jeshi, tarumbeta na ngoma, ule wa kuandamana.

Ninyi wa rika langu, nywele zimewasimama, najua. Vijana wanafikiri muziki wa jeshi ni muziki tu. Sisi tulijua unapigwa lini. Kipindi kikikatika ghafla na tarumbeta zikaingia, basi serikali imepinduliwa, na kitakachofuata ni sauti ngeni ikiwaambia wananchi wakae majumbani wawe watulivu. Tuliisikia mara moja, hatukuhitaji kufundishwa mara ya pili.

Sebule iliisha watu kabla tarumbeta hazijamaliza ubeti. Viatu vilibaki mlangoni. Huko barabarani wenye maduka walikuwa wanapigilia milango, mama mmoja alikuwa anaita watoto wake majina yote, hata ya yule aliyemshika mkononi. Hajji Musa alisimama katikati ya sebule na kusema, "Wamemchukua," halafu akajiziba mdomo kwa sababu alimwona mama.

Mama hakulia. Alitushika mkono mimi na mdogo wangu, akatembea haraka bila kukimbia, akafunga mlango, akaegemeza godoro dirishani, akajaza maji kwenye kila chombo. Kisha akakaa chini. Ndipo nilipoelewa alichokuwa anafikiri. Wakitaka kupindua nchi, askari huanza wapi? Kwenye redio na televisheni. Na baba yuko humo ndani, amevaa koti la watu wawili, hata kukimbia hawezi.

Redio yetu ilikuwa inapiga nyimbo za kawaida, na hiyo ilitutia hofu zaidi, kwa sababu hatukujua nani anatawala. Jirani aliuliza kupitia ukutani, "Mama Zaituni, mume wako karudi?" Mama akajibu, "Yuko njiani." Alijibu hivyo kila alipoulizwa. Chakula cha baba kilikaa chini ya kawa, hakuna aliyekigusa. Sikusikia risasi. Nilisinzia nikiwa nazingoja.

Asubuhi, jua limeshapanda, tulisikia gari likinguruma kwenye mashimo ya mtaa wetu. Mama akachungulia kando ya godoro, akalirudisha haraka. Lilikuwa gari la jeshi. Gari la jeshi halikuja mtaani kuleta mtu. Lilikuja kuchukua. Mtaa mzima ulinyamaza, hata jogoo wa Hajji.

Halafu nikasikia kicheko. Wanaume wengi wanacheka. Na katikati yao sauti ya baba, imekauka, ikisema, "Basi, afande, asante, hapahapa."

Mama alifungua mlango na mwiko mkononi, sijui aliutoa wapi. Baba alikuwa anashuka garini, koti kubwa begani, na Bahati nyuma yake. Askari walikuwa wanawapungia mkono. Mmoja akapiga kelele kwa Kiswahili cha kambini, "Debe! Iko kula kidogo tu!" Wenzake wakagongana vichwa kwa kucheka, gari likaondoka. Mama alimpiga baba kwa ule mwiko, begani, mara ya kwanza na ya mwisho ninayoijua, halafu akamshika shati kwa mikono yote miwili na hapo ndipo alipolia. Mimi nilishika mguu wa baba. Sijawahi tena kufurahi namna ile, hata siku ya harusi yangu.

Alitusimulia akiwa anakula kile chakula cha jana, baridi vilevile. Fundi mmoja kijana alipowaona wameganda alifikiri Debe amepatwa na kiharusi. Akakata picha, akaweka sahani ya muziki iliyokuwa karibu na mkono wake. Ilikuwa ile ya bendi. Hakuwaza. Lakini askari walinzi wa getini waliisikia kwenye televisheni ya kibanda chao, na wao pia wakadhani nchi imepinduka bila wao kuambiwa. Wakafunga geti, wakaingia studio bunduki mbele, na ofisa wao akiwa ameshika soksi moja mkononi, hajamaliza kuvaa.

"Nani naweka muziki hii?" akauliza. Baba akasema, kwa sababu mtu lazima aseme, "Afande, kosa ni letu. Sisi tulikuwa tunangoja kicheko."

"Kicheko ya nani?"

"Ya watu, afande."

Ofisa akaangalia studio yote. "Hapa iko watu?"

"Hakuna, afande."

"Sasa nyinyi nangoja nini?"

Baba alisema katika maisha yake yote hakuwahi kuulizwa swali la haki kama lile. Ofisa alidhani ule ukimya ni alama, labda wanampa mtu ishara huko nje. Akasema, "Onyesha. Fanya yote. Mimi naona kama iko kicheko hapo."

Basi wakaingia tena ndani ya koti, mbele ya bunduki. Hebu fikirini. Kama pale paja linapoganda hakuna atakayecheka, basi ule ukimya haukuwa wa kicheko, ulikuwa wa kitu kingine, na watu walipotea kwa vitu vidogo kuliko hivyo. Baba alisema alimsikia Bahati akitetemeka mgongoni mwake kama cherehani. Maji yalimwagika kila mahali. Mkono ulitafuta kuku mezani ukashika kinara cha taa, ukarudi, ukapata. Baba akasema maneno yake. Paja likafika nusu mfukoni, wakaganda.

Ofisa anatazama. Baba alisema aliona meno ya ofisa yamefungwa, akaanza kusoma shahada moyoni.

Kule mlangoni, askari mmoja kijana akatoa sauti pua ikiwa imebanwa. Akajaribu kuimeza. Ikamshinda, akacheka kama mbuzi. Ofisa akageuka kumtazama, na aliporudi kumtazama Debe na lile paja na macho yake ya mtu anayeaga dunia, mabega ya ofisa yakaanza kupanda na kushuka. Studio yote ikacheka, fundi wa muziki akacheka huku analia. Na Bahati, humo gizani, akasikia, akalisukuma paja mfukoni.

"Miye sikuone kitu, niko mu koti!" Bahati akadakia, akiwa anakunywa chai yetu isiyo na sukari. "Nilisikia tu ule mutoto anacheka. Nikasema, Mungu, asante, njo wakati wa kusukuma."

Hawakuachiliwa mapema kwa sababu ofisa alitaka wenzake wa zamu nyingine nao waone. Waliigiza Suti Moja mpaka kuku akabaki mfupa. Yule fundi kijana alirudi kazini, na sahani ile ya muziki ikafungiwa kabatini, ufunguo akawa nao bwana wa miwani mwenyewe.

Mama alisema baba hatarudi huko tena. Alirudi. Ila safari hii bwana wa miwani aliweka benchi studio, wakakaa wafagiaji, mpishi wa kantini na askari waliomaliza zamu, kazi yao kucheka tu ili Bahati asikie. Askari walicheka hata mahali pa huzuni, walicheka baba akipiga chafya, lakini hakuna aliyethubutu kuwarekebisha. Na mama kila Jumamosi alikwenda kwa Hajji, si kwa ajili ya igizo, bali kulisikia lile benchi. Likicheka, alipumua. Igizo likiisha anainuka kwenda kupasha chakula, na baba alirudi kila mara. Alizeeka, akafa kitandani mwake, tukamwosha kwa mikono yetu wenyewe. Bahati alimfuata baadaye, naye tulijua alipozikwa. Wenzetu wengi wa enzi ile hawakupata hilo, na sisi tunashukuru.

Siku hizi wachekeshaji wamejaa kwenye simu. Wengi hawajui kungoja, wanakikatiza kicheko mpaka kinakufa, na watazamaji wenyewe kila mmoja anacheka peke yake na waya masikioni. Nalikumbuka benchi, naikumbuka sebule iliyojaa miguu safi. Sisi tulicheka pamoja. Lakini niseme na lile lingine: tulicheka baada ya kutazama mlangoni ni nani ameingia.

Juzi mjukuu wangu alikuwa ameketi sebuleni akimtazama kwenye simu kijana mmoja anayemwigiza mheshimiwa, tumbo la mto, sauti na kila kitu. Akacheka kwa nguvu, kichwa nyuma. Bila kujua, mimi nikageuka kutazama mlango.

"Jjajja, unangoja nani?" akaniuliza.

Mlangoni hapakuwa na mtu. Palikuwa na jua tu na ndala zake alizozitupa ovyo.

"Simngoji mtu," nikamwambia. Nikasogea karibu naye, nikamwomba atoe hizo waya masikioni na aanze tena mwanzo, nami nicheke.